Nyumba ya Milioni Tano, Deni la Milioni Kumi na Mbili



Hivi karibuni nilialikwa bara kwa akika ya mjukuu wetu, mtoto wa mpwa wangu anayefundisha shule huko Eldoret. Yeye na mumewe, ambaye ana duka la vipuri vya magari mjini, wamepanga nyumba Chepsaita, upande wa Turbo, katika kaunti ya Uasin Gishu. Sisi wa pwani tukitajiwa Chepsaita huwaza baridi, mashamba ya mahindi na wanariadha. Ni kweli yote hayo yapo. Lakini siku hizi yapo pia mawe ya mipaka ya viwanja na vibao vya nyumba zinazouzwa. Mji ambao wazee wa huko bado wanauita Sisibo, kwa ile namba 64 ya shamba lililojengwa posta enzi za mkoloni, ulipewa hadhi ya jiji tarehe 15 Agosti 2024, na kila kijana mwenye mshahara anatafuta pahali pa kuweka kichwa pasipokuwa pa mtu.

Baada ya chakula, wageni walipokwisha kutawanyika, mkwe wetu aliniletea bahasha. Aliishika kama mtu aliyeshika cheti cha ndoa. Ndani yake mlikuwa na barua ya benki moja, ambayo sitaitaja. Nyumba waliyoipenda ina vyumba vitatu na bei yake ni shilingi 5,000,000. Wao wamekwisha kuweka akiba shilingi 1,000,000. Benki ingewakopesha 4,000,000 zilizobaki, kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, walipe kwa miaka 20. Malipo ya kila mwezi ni shilingi 49,741.

"Mjomba," akaniambia, "hapa tunalipa kodi elfu kumi na nane. Kodi ni pesa inayopotea. Hizi nyingine kila mwezi zinaingia katika matofali yangu mwenyewe."

Nikamuuliza swali moja tu: "Mwanangu, mpaka siku ya mwisho mtakuwa mmelipa shilingi ngapi?"

Akamtazama mkewe. Mkewe akamtazama yeye. Hakuna aliyejua. Wamesoma wote wawili, wana shahada zao, na mmoja wao husahihisha hesabu za watoto wa watu kila jioni. Barua waliisoma mara nyingi, lakini jicho lao lilikuwa limetua kwenye namba moja, ile ya kila mwezi, likakaa hapo.

Tukachukua daftari la shule la binti yao mkubwa, tukafungua kikokotoo cha simu, tukaketi juu ya mkeka. Ninayoyaandika leo ndiyo tuliyoyaandika jioni ile.

Hesabu ya mkekani

Miaka 20 ni miezi 240. Zidisha 49,741 kwa 240, unapata takriban shilingi 11,938,000. Katika hizo, 4,000,000 ndilo deni la asili. Zilizobaki, karibu 7,938,000, ni riba. Ukiongeza ile milioni moja ya kwanza, nyumba ya milioni tano imekuwa ya milioni kumi na mbili na laki tisa na ushei. Na hapo hatujahesabu ada za wakili, mthamini, bima ya moto, bima ya maisha, gharama za benki za kuandaa mkopo, wala ushuru wa stempu wa kuhamisha ardhi, ambao nchini Kenya ni asilimia 4 ya thamani katika maeneo ya miji na asilimia 2 mashambani. Kwa nyumba ya milioni tano iliyo mjini, ushuru huo peke yake ni shilingi 200,000, na haumo katika mkopo, unatoka mfukoni.

Lakini si jumla hiyo iliyomnyamazisha mkwe wetu. Kilichomnyamazisha ni mwezi wa kwanza.

Asilimia 14 ya milioni nne, ikigawanywa kwa miezi 12, ni shilingi 46,667. Hiyo ndiyo riba ya mwezi wa kwanza. Sasa toa 46,667 katika 49,741. Zinabaki shilingi 3,074. Hizo tu ndizo zinazopunguza deni. Yale matofali aliyosema anayanunua kila mwezi, mwezi wa kwanza anayanunua kwa elfu tatu na sabini na nne. Zilizobaki zote zinakwenda kwa mwenye fedha.

Tukaendelea. Mwaka mzima wa kwanza angelipa shilingi 596,890, na deni lingepungua kwa shilingi 39,352. Baada ya miaka 5 angekuwa amelipa karibu 2,984,000, na bado angedaiwa karibu 3,735,000. Baada ya miaka 10, nusu ya safari kwa kalenda, bado angedaiwa karibu 3,204,000. Nusu ya deni haifutiki mpaka mwaka wa 16. Mtoto tuliyemchinjia mbuzi siku ile angekuwa tayari yuko shule ya sekondari.

Hapana udanganyifu katika hesabu hiyo. Ndivyo mkopo wa aina hii unavyofanya kazi popote duniani: kila mwezi riba hukatwa kwanza juu ya deni lililobaki, kisha kinachosalia ndicho kinachopunguza deni. Mwanzoni deni ni kubwa, kwa hivyo riba hula karibu yote. Mwishoni deni ni dogo, ndipo malipo yanapofanya kazi. Anayeuza nyumba au kushindwa kulipa katika miaka ya mwanzo hugundua kwamba alichomiliki ni kidogo mno.

Je, kodi ni pesa inayopotea?

Tulilipima neno la mkwe wetu kwa haki. Kodi ni 18,000. Malipo ya benki ni 49,741. Tofauti ni 31,741. Iwapo familia ina uwezo wa kweli wa kulipa 49,741 kila mwezi, basi ina uwezo wa kulipa kodi na kuweka akiba 31,741. Kwa miaka 5, kodi itakuwa imekula 1,080,000, na akiba itakuwa 1,904,460. Kwa njia ya benki, fedha zilezile kwa muda uleule zitakuwa zimepunguza deni kwa shilingi 265,000 hivi.

Ni haki niseme na upande wa pili. Kodi hupanda. Bei ya nyumba nayo huweza kupanda, na aliyenunua mapema hufaidi. Simenti na mabati hayangoji mtu. Tena akiba inataka nidhamu. Wengi wetu tukiachiwa 31,741 mkononi zitaishia kwenye harusi na simu mpya, ilhali benki haikupi nafasi hiyo. Haya yote ni kweli. Lakini asiwepo mtu wa kukwambia kwamba kodi ndiyo pekee inayopotea. Riba nayo inapotea, na katika miaka ya mwanzo inapotea kwa wingi kuliko kodi.

Asilimia isiyokaa pahali pamoja

Mpwa wangu akauliza kama 49,741 ni ya miaka yote 20. Tukarudi kwenye barua. Kwa maandishi madogo ilisemwa kwamba riba yaweza kubadilishwa.

Si jambo la kubuni. Kiwango cha Benki Kuu ya Kenya, ambacho benki nyingine hukitazama zinapopanga riba zao, kilikuwa asilimia 7 mwanzoni mwa mwaka 2022. Kufikia Februari 2024 kilikuwa asilimia 13, kisha kikaanza kushushwa kuanzia Agosti mwaka huo. Kati ya Septemba 2016 na Novemba 2019 sheria iliwawekea benki kikomo cha asilimia 4 juu ya kiwango hicho. Kikomo hicho kiliondolewa. Anayetia saini leo kwa miaka 20 anatia saini kwa hali ambazo hajaziona.

Kwa mkopo uleule wa milioni nne na miaka 20, riba ikiwa asilimia 12 malipo ni karibu 44,000 kwa mwezi. Ikiwa asilimia 16, ni 55,650. Pengo ni zaidi ya elfu kumi na moja, na mshahara wa mwalimu hauongezeki kwa sababu riba imeongezeka.

Muda nao ni bei. Mkopo huohuo kwa asilimia 14 ukilipwa kwa miaka 10 badala ya 20, malipo ya mwezi yanakuwa 62,107, na jumla karibu 7,453,000. Yaani kwa kuongeza elfu kumi na mbili na ushei kila mwezi mtu anaepuka karibu milioni nne na nusu za riba. Hata aliyekwisha kuingia katika mkopo asikate tamaa: akiongeza shilingi 5,000 tu kila mwezi tangu mwanzo, na benki ikakubali zipunguze deni la asili, atamaliza kwa miezi 165, yaani miaka 13 na miezi 9, na kuepuka karibu milioni 2.9. Ila aulize kwanza kama kuna ada ya kulipa mapema, na apate jibu kwa maandishi.

Wazee wetu waliijua rehani

Sisi watu wa pwani si wageni wa jambo hili. Katika karne ya 19, Zanzibar na Mombasa, kulikuwa na mkataba uliojulikana kama bei khiyari. Mwenye shamba au nyumba alimuuzia mwenye fedha, akabaki na khiyari ya kuinunua tena akirudisha fedha, na wakati huo akaendelea kuitumia mali yake kwa kulipa kodi. Kwa jina ilikuwa biashara. Kwa wengi ile kodi ilifanya kazi ya riba. Mashamba mengi ya karafuu yaliingia katika madeni ya namna hiyo na ya rehani nyinginezo, hata serikali ya kikoloni Zanzibar ikalazimika mwaka 1934 kutunga sheria ya kuzuia ardhi isiendelee kuhama kwa sababu ya madeni. Waliolipoteza shamba hawakuwa wajinga. Waliangalia fedha waliyopokea siku ile, hawakuangalia kodi ya miaka.

Neno la dini

Hukumu ya riba hamuihitaji kutoka kwangu. Imo katika Suratul Baqara kuanzia aya ya 275, na humo onyo lake ni kali kuliko madhambi mengi tunayoyaogopa zaidi. Mkwe wetu alinitajia dharura. Dharura ipo katika sharia, lakini dharura ina mipaka: ni pale mtu anapokosa, si pale anapotamani. Mwenye paa la kupanga juu ya watoto wake, na uwezo wa kulilipia, hajafika katika dharura. Asiyekubaliana nami na amuulize mwanachuoni anayemuamini kabla ya kutia saini, asimuulize baada yake.

Katika sura hiyohiyo, aya ya 282, iliyo ndefu kuliko zote katika Qur'ani, inahusu kuandika deni na kuweka mashahidi. Ajabu iliyoje kwamba umma uliopewa aya ndefu kuliko zote kuhusu karatasi za deni ndio unaotia saini bila kusoma.

Zipo njia nyingine. Tangu mwaka 2008 Kenya ina benki zinazofanya kazi kwa misingi ya sharia: Gulf African Bank, na First Community Bank ambayo sasa inaitwa Premier Bank. Mwaka 2017 ikaja Dubai Islamic Bank. Katika murabaha, benki huinunua nyumba kisha hukuuzia kwa bei iliyo wazi na isiyobadilika. Katika musharaka ya kupungua, mnainunua kwa ubia. Unalipa kodi ya fungu la benki huku ukilinunua kidogo kidogo mpaka liishe.

Lakini naomba mnisikilize vizuri: halali si lazima iwe rahisi. Mkataba unaweza kuwa safi kisharia na bado ukawa mzito kwa mfuko wako. Hesabu ya mkekani ifanyeni huko pia. Ulizeni jumla mpaka siku ya mwisho. Ulizeni kama kodi ya ubia inaweza kubadilishwa, na nini kitafanyika mkichelewa. Jina la Kiarabu juu ya karatasi halimpunguzii mtu deni.

Saini ya mke

Sasa nawageukia akina mama. Katika bahasha ile mlikuwa na karatasi moja ya mpwa wangu. Mumewe alimwambia, kwa nia njema, "Hii ni ya kutia saini tu."

Si ya kutia saini tu. Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012, kifungu cha 79, inasema nyumba ya ndoa haiwezi kuwekwa rehani bila ridhaa ya mume au mke. Maana yake ni kwamba mke ana haki ya kusoma, kuuliza, na kusema bado. Na aliyetoa ridhaa huwa anahusika: malipo yakikwama, benki hutoa ilani ya miezi 3 ya kurekebisha, kisha ilani ya siku 40 ya kuuza, ambayo nakala yake lazima mke aliyeridhia apelekewe. Dalali wa mnada naye hutoa siku 45. Akina mama wengi huijua rehani kwa mara ya kwanza siku dalali anapobisha hodi. Basi akipokea ilani yoyote, asiifiche chini ya godoro. Siku zimeanza kuhesabiwa, na aende kwa wakili siku hiyohiyo. Ajue pia kwamba sheria ya benki, kifungu cha 44A, inazuia riba kupita kiasi cha deni lililobaki tangu siku mkopo ulipohesabiwa kuwa haulipwi, na kwamba nyumba haifai kuuzwa kwa bei ya kutupa.

Kisha kuna jambo ambalo hatupendi kulitaja. Mume akifa, deni hulipwa kabla ya mirathi. Thumni ya mjane na mafungu ya watoto huhesabiwa juu ya kilichobaki baada ya deni. Kama hakuna takafuli wala bima ya kulimaliza deni, wanaorithi wanaweza kurithi nyumba iliyo mnadani. Mtume wetu, rehema na amani zimshukie, alijizuia kumswalia maiti aliyeacha deni mpaka sahaba mmoja, Abu Qatada, alipolichukua juu yake. Tujiulize nani atakayekuwa Abu Qatada wetu kwa milioni tatu na laki saba.

Yaliyotokea baadaye

Mpwa wangu aliirudisha karatasi ndani ya bahasha bila kuitia saini. Alisema kwa sauti ya chini, "Baba watoto, tuulize kwanza." Mumewe hakufurahi. Alikuwa amekwisha kumweleza mama yake huku pwani kwamba mwaka ujao atakuja kulala katika nyumba ya mwanawe. Alinyanyuka akatoka, na nilipokutana naye msikitini hakuzungumza sana.

Baada ya majuma mawili alinipigia simu yeye mwenyewe. Alikuwa amekwenda benki na kuomba jumla ya malipo kwa maandishi, na ofisa alimchapishia jedwali lote la miezi 240 bila kusita. Ilikuwa namba ileile ya daftarini. "Mjomba," akasema, "hawakutuficha. Hatukuuliza."

Wameiacha ile nyumba. Kwa akiba yao wametafuta kiwanja kidogo hukohuko Chepsaita, wakilipa wakili akakague rekodi za ardhi kwanza, na wananuia kuanza na vyumba viwili na choo, wakiongeza kadiri Mwenyezi Mungu atakavyojaalia. Bado wanalipa kodi elfu kumi na nane. Mama mkwe hajaridhika, na nyumba ya vyumba vitatu amekwisha kuinunua mtu mwingine. Sikwambii kwamba hawakuumia.

Siwaambii kila mmoja afanye kama wao. Mahitaji na vipato havifanani. Ninachowaomba ni hiki: kabla saini haijagusa karatasi, ketini mume na mke, mzidishe malipo ya mwezi kwa idadi ya miezi, muongeze ada zote, mtazame mwezi wa kwanza unapunguza deni kwa kiasi gani, na mkadirie hali mbaya: riba ikipanda, biashara ikilala, mmoja akiitwa na Mola wake. Baada ya hapo, mkikubali, mtakuwa mmekubali mnachokijua. Kukopa harusi, kulipa matanga. Lakini aliyehesabu matanga kabla ya harusi huenda akaifanya harusi ndogo, akalala usingizi.

Mwenyezi Mungu atutoshelezee kwa halali Yake, azifanye nyumba zetu kuwa pahali pa utulivu, na atuepushe na deni linalotushinda. Wabillahi tawfiq. Wassalaam aleikum warahmatullahi wabarakatuh.